Nyama Isiyo na Kipande

Binti yangu akiwapikia wageni makaroni na nyama ya kusaga katika sufuria moja, huwaambia kwamba alifundishwa na bibi yake mzaa baba. Wageni husifu chakula, yeye humsifu marehemu, na mimi niliyekaa pale pale mezani naendelea kutafuna. Ni uongo. Bibi yake hakuwahi kupika makaroni maishani mwake. Aliyaita minyoo. Chakula kile ni changu. Nilikipika mara ya kwanza katika mtaa wa Katuba, uani kwangu, kwenye mbabula yangu, jiko la makaa, na yule mama alikaa nyuma yangu akinisema tangu vitunguu vilipoingia kwenye mafuta mpaka nilipoondoa mfuniko.

Naandika kwa sababu kusema mezani siwezi. Nikisema, watanong'onezana kwamba mzee ana wivu na maiti. Wivu ninao, na sina haya nao.

Ulikuwa wakati wa Katanga kujitenga na Kongo. Makaratasi ya serikali yaliuita mji wetu kwa jina la malkia wa Wabelgiji, sisi tulisema Lubumbashi. Nilizaliwa humo. Baba yangu alikuja kutoka Kasai kufanya kazi ya reli, akaoa, akazaa, akafa, akazikwa humo humo, na mimi Kasai nilikuwa sijaiona hata kwa picha. Lakini wakati ule watu wenye asili ya Kasai, Waluba, tulianza kuitwa wageni, kisha wezi wa kazi, kisha majina ambayo sitayaandika. Vijana wa chama cha serikali walipita barabarani na minyororo ya baiskeli mkononi, wakauliza nyumba hii ni ya nani na ile ni ya nani. Aliyeweza kukimbia alikimbilia kambini, nje ya mji, kwa askari wa Umoja wa Mataifa, wale wa kofia za buluu. Huko watu walilala chini ya maturubai na nyasi, na walipika kwa kuni walizong'oa kwenye miti ya bustani za Wazungu.

Mimi sikukimbia, kwa sababu mume wangu hakuwa mtu wa Kasai. Watu wake walitoka upande wa Luapula, Wakatanga halisi, kama walivyopenda kujiita wakati ule. Alikuwa karani wa bohari, kijana msafi, mpole, viatu vyake unaweza kujitazamia sura. Mtoto wetu mmoja, wa kike, alikuwa ndiyo kwanza anaunganisha maneno.

Hapa lazima nieleze jambo, maana ndilo lililotuponza. Kwetu mtoto ni wa baba. Mahari ikishatolewa, mama amezaa kwa ajili ya ukoo wa mumewe, basi. Kwa watu wa mume wangu ni kinyume: mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na baba ni mtu wa kuheshimiwa tu. Siku ya arusi wazee wa pande zote mbili walilitania sana jambo hili. Walisema mtoto wetu atakuwa tajiri, atagombaniwa na koo mbili. Ugomvi wa nchi ulipokuja, kila upande ukakumbatia desturi yake kwa mikono miwili, na desturi zote mbili zikawa zinamsukuma mtoto nje. Kwa mama mkwe wangu alikuwa Muluba kwa sababu amezaliwa na mimi. Kwa mama yangu mzazi alikuwa Mkatanga kwa sababu amezaliwa na baba yake.

Mama yangu alipita kwangu asubuhi ile alipokuwa anakimbilia kambini. Alikuja kuchukua sufuria. Wenzake walikuwa wameondoka mikono mitupu, na huko mtu mwenye sufuria ndiye mtu. Nilimpa zote isipokuwa moja, ile pana ya alumini iliyovunjika mshikio mmoja, kwa kuwa haikuingia kwenye fungu lake. Nikamwambia nitamfuata na mtoto. Akaweka mzigo chini.

"Weye kuya," alisema. "Mutoto umuache kwa baba yake. Ni wa kwabo."

"Mama, ni mujukuu yako."

"Kule kambi bantu banalala na hasira. Bakijua baba yake mukubwa iko jandarme, batamufanya nini? Mi sitaweza kumuchunga. Usimulete."

Alilia akisema hivyo. Mimi sikulia. Nilimtwika sufuria zangu kichwani nikamwangalia akienda, na nilimchukia mpaka alipokata kona.

Baba mkubwa aliyemtaja ni kaka wa mume wangu. Alikuwa amevaa magwanda ya jandarmeri, jeshi la Katanga, na alipewa lori. Siku mama yangu alipoondoka, huyo shemeji alimleta mama yake kukaa nasi. Alisema anamletea mume wangu msaada. Msaada gani? Alikuja kumlinda mwanawe asiuawe na mkewe. Alishuka na mkeka, na chungu chake kidogo cha udongo, na mwiko wake, na tangu siku ile hakula kitu nilichopika.

"Mi sikule ku mukono ya muntu ya Kasai mu wakati ya vita," aliniambia, bila ukali, kama mtu anayesema hapendi bamia. "Ukipika, pika. Mi nitapika yangu."

Basi tukawa wanawake wawili kwenye mbabula moja. Yeye akisonga bukari yake, ndiyo ugali, katika chungu, mimi nangoja. Mimi nikipika, yeye anakaa kwenye kigoda akihesabu makosa. Na maji ilibidi ayachote yeye. Mimi kwenye bomba la mtaa nilikuwa siendi tena, tangu wanawake waliponimwagia ndoo yangu wakaniambia nikanywe maji ya kwetu. Mama mkwe aliyaleta maji kichwani, mzee yule, akanipimia kwa kikombe, na kila kikombe kilikuja na maneno. Mtu atasema alikuwa ananisaidia. Aje yeye apimiwe.

Ijumaa moja mume wangu alirudi kazini, akakaa kwenye kizingiti, akaanza kusugua viatu vyake kwa kitambaa, ingawa vilikuwa havina vumbi.

"Yaya anakuya Jumapili na lori," alisema. Yaya ndiyo kaka mkubwa. "Atakufikisha karibu na kambi. Bale bijana banauliza sana nyumba yetu."

"Na mutoto?"

"Mama anasema ni wa kwenu."

"Na weye unasema nini?"

Akasugua kiatu cha pili. "Mi nasema umupikie yaya kintu kizuri. Pengine roho yake italegea, atatuachilia. Mukono mutupu haulambwi."

Hiyo ndiyo ilikuwa akili ya mume wangu. Mji unawaka, ndugu yake anakuja na bunduki kumtoa mkewe nyumbani, naye anatafuta mboga. Lakini mimi nami nilikuwa sina akili nyingine. Kambini mtoto hatakiwi, nyumbani mimi sitakiwi, na mimi nilitaka jambo moja tu, nisitengane na mtoto wangu. Njia iliyobaki ilikuwa shemeji aseme kaeni. Nikasema haya, nitapika.

Kuku hakuwapo. Kuku wa Katuba walikuwa wameshaliwa au wameshaibiwa. Unga wa bukari ulikuwa umebaki wa mama mkwe, na huo nisingeuomba hata kama ningekufa. Juu ya kabati nilikuwa na paketi za makaroni. Nilizipata kwenye foyer, ile nyumba ambako wanawake wa Kibelgiji walitufundisha wake wa wafanyakazi kushona, kupiga pasi na kupika vya Kizungu. Walinipa ziwe zawadi ya kupiga pasi vizuri. Kupika walisema nina haraka.

Nyama niliifuata mjini, kwenye bucha la Mgiriki mmoja. Nilisimama kwenye foleni na mdomo nimeufunga. Sisi watu wa Kasai tunajulikana kwa namna tunavyoyavuta maneno, hata tuliozaliwa mjini, kwa sababu tumeyanyonya kwa mama. Mwanamke aliyekuwa nyuma yangu alinisalimu, nikaitikia kwa kichwa. Akanisalimu tena. Nikashika koo langu kama mgonjwa, nikakohoa. Alinitazama kuanzia kilemba mpaka vidole vya miguu, kisha akageuka akamwambia jirani yake kwamba siku hizi kuna wagonjwa wengi sana wa koo. Wakacheka. Nilipofika mbele nikaonyesha kwa kidole. Nyama nzuri yote ilikuwa imeshachukuliwa na jeshi. Kilichobaki kilikuwa masalio, yale ya pembeni ya mifupa, na Mgiriki alikuwa ameyapitisha kwenye mashine. Nikaichukua hiyo nyama ya kusaga, ikafungwa kwenye gazeti, na nikatembea kwa miguu mpaka Katuba bila kuthubutu kukimbia.

Jumapili mume wangu alikwenda misa. Mimi niliwasha makaa.

Kwenye foyer walitufundisha kuchemsha makaroni peke yake katika maji mengi, kuyamwaga yale maji, kisha kutengeneza nyama katika sufuria nyingine, na mwisho kuvikutanisha. Ni mapishi ya mtu mwenye bomba jikoni na sufuria ukutani. Mimi nilikuwa na sufuria moja na vikombe vya maji vya kupimiwa. Nikatia mafuta ya ngazi, yale mekundu ya mawese, yakapata moto, nikatia vitunguu. Nikatia nyama, nikaivunjavunja kwa mwiko mpaka maji yake yakakauka na ikaanza kulia kwenye mafuta. Nyanya, pilipili, munyu uliobaki, yaani chumvi. Kisha makaroni makavu juu yake, kama yalivyo, na maji ya kuyafunika tu. Nikafunika, nikaweka jiwe juu ya mfuniko, nikapunguza makaa. Maji hayakumwagwa hata tone. Makaroni yaliyanywa yote, pamoja na nyanya na mafuta ya nyama, na kwa habari ya ladha wale wanawake wa foyer walikuwa hawajui kitu.

Mama mkwe alikuwa amekaa kwenye kigoda, nyuma yangu.

"Ile ni nini?"

"Makaroni, mama."

"Ni minyoo. Na munyama, mufupa yake iko wapi?"

"Ni ya kusaga, mama. Haina mufupa."

"Nani aliwatafunia?"

Mtoto alikuwa amechuchumaa upande wa pili wa mbabula, akinusa. Alikuwa hajala kitu tangu asubuhi.

"Mi nauliza," aliendelea mama mkwe. "Kipande ya bwana yako njo gani? Ya yaya yake njo gani? Bote batakula sawasawa? Basi hapa hakuna mukubwa."

Katika hilo, hata mimi nilijua ana neno. Nyumbani kwetu, kama nyumba zote za Katuba, nyama ndiyo iliyosema nani ni nani. Paja la baba, firigisi ya baba, mbavu za mgeni, shingo ya mama, na watoto walamba mchuzi. Mtu haulizi, anatazama bakuli anajua mahali pake. Nyama ya kusaga haina paja wala shingo. Wote wangechota kitu kile kile, askari na mtoto, na moyoni nilisema afadhali. Nilikuwa nimechoka na ukubwa wao.

Lakini nilikosea, na ni kosa la mtu aliyefurahi mapema. Kipande cha nyama kinaonyesha mkubwa, ni kweli, ila kinaonyesha na jambo jingine: kwamba ni kipande cha nyama. Paja la kuku ni paja la kuku, unaligeuza unaliona. Kilichosagwa hakigeuzwi. Katika wakati ambapo jirani alinusa kikombe cha jirani kabla ya kunywa, mimi Muluba niliwapikia Wakatanga chakula ambacho jicho haliwezi kuingia ndani yake.

Lori lilisimama barabarani baada ya misa. Shemeji aliingia na mume wangu nyuma yake. Aliegemeza bunduki ukutani, akamsalimu mama yake kwa kupiga makofi kama inavyotakiwa, akakaa. Mimi hakunisalimu. Huyu ndiye aliyecheza arusini kwangu mpaka shati likamgandia mwilini, aliyeniita shemeji hata mbele ya wakubwa wake wa kazi, na sasa alikuwa akizungumza habari zangu na mama yake kana kwamba mimi ni mbuzi aliyefungwa uani.

"Amefunga bintu byake?"

"Amepika," alisema mama mkwe.

Nikaileta sufuria, nikaiweka chini katikati yao, nikaondoa mfuniko. Sitajisifu. Nitasema tu kwamba mume wangu alifumba macho, na shemeji alimeza mate mpaka nikaliona koo lake likipanda na kushuka.

Kwetu na kwao tulikubaliana katika jambo moja: aliyepika huonja mbele ya mgeni. Nikachukua kijiko, nikachota, nikala, nikameza, nikafungua mdomo waone. Nikampa shemeji kijiko. Akakipokea, akakishika, hakuchota.

"Ametwaa ya pembeni," alimwambia mama yake.

"Basi nitakula ya katikati," nikasema.

"Weye hapana. Weye unajua mwenyewe ulitiamo nini, unaweza kukunywa dawa ya sumu mbele ya kupika." Akageuka, akamtazama mtoto. "Kintu ya kusaga, muntu anaweza kufichamo kila kintu. Mutoto akule kwanza. Ya katikati."

Alisema kwa sauti ya kawaida. Nadhani hata yeye aliona ni jambo la busara.

Nilimtazama mume wangu. Mpaka leo, nikitaka kukasirika, sihitaji kitu kingine, nakumbuka uso wake wakati ule. Alisema, "Yaya," akaishia hapo. Nilingoja sentensi. Hakuwa nayo. Alikuwa anatazama viatu vyake, na vilikuwa vinang'aa.

Chakula hakikuwa na sumu. Mtoto alikuwa na njaa. Angekula, angeshiba, shemeji angeridhika, na pengine tungebaki sote. Nilichotakiwa kufanya ni kusema haya, mpeni. Na sikuweza. Nikimpa, nimekubali kwamba mwanangu ndiye wa kufa kwanza katika nyumba ile. Nikikataa, nimeungama kwamba kuna sumu. Nilisimama pale na mikono yangu inanuka vitunguu, nikatamani kweli ningalitia sumu, iwamalize watu wazima wote na mimi nikiwamo.

Mtoto hakungoja tumalize kufikiri. Alinyanyuka mwenyewe, akaenda akasimama mbele ya baba yake mkubwa, akafungua mdomo.

Shemeji alichota ya katikati.

Sikumwona mama mkwe akiinuka kwenye kigoda. Nilimwona alipokuwa amekwishakishika kijiko, na mkono wa mwanawe ukiwa bado juu hauna kitu. Alikitia kile kijiko mdomoni mwake. Alikuwa hana meno ya mbele, kwa hiyo alitafuna pembeni, polepole, na sisi wote tulimtazama akitafuna. Akachota tena, akizamisha mpaka chini ambako kulikuwa kumeshika kidogo, akakwangua, akala. Akachota mara nyingine.

"Inapunguka munyu," alisema.

Akampa mwanawe kijiko.

"Unatafuta mutoto akufie mbele?" alimwuliza. "Mi nilikuzala ju ya ile? Kula. Ama bakia na njaa yako."

Shemeji alikula. Alikula kwa aibu mwanzoni, kisha aibu ikaisha, njaa ikabaki, na hakuna aliyeona tena minyoo. Mume wangu naye alikula, ameinamisha kichwa. Mimi nilibaki nimesimama, na nilianza kuamini. Niliwaona wamezunguka sufuria yangu, nikajiambia mtu hawezi kunitoa nyumbani na mafuta yangu yangali kwenye midevu yake. Wahenga waliniambia mapema, nikajitia uziwi: mla nawe hafi nawe ila mzaliwa nawe. Shemeji alishiba, akajipangusa mdomo kwa kiganja, akasimama, akachukua bunduki yake.

"Bon," alisema. "Lori inangojea. Babebe bintu byabo, bote bawili."

Hata asante hakusema. Punda akikupiga mateke angalau anakuwa hajala kwako chakula cha Jumapili.

"Mutoto anabakia," alisema mama mkwe.

Shemeji alicheka. "Mama, weye mwenyewe njo ulisema ni wa kwabo. Kila siku unasema."

"Nilisema. Desturi yetu iko vile, mi sikuitunga." Alikuwa amemshika mtoto mkono. "Lakini sasa nimekula ju yake. Kama nilikula kifo, nilikula ju yake. Anabakia na miye."

"Na mama yake?"

"Mama yake aende."

Hapo nilizungumza. Sikupiga kelele, nilipiga magoti, jambo ambalo tangu arusi sikuwa nimemfanyia. "Mama, tubakie bote. Nitakuwa nyuma ya nyumba. Hata ku mulango sitatoka."

Ndipo akanitazama, na sitasema alinitazama kwa huruma, kwa sababu haikuwapo. "Bale bijana banatafuta weye," alisema. "Habatafute ule. Bakikukuta humu, bataunguza nyumba, na mutoto ndani. Weye unataka ile?"

Nilimchukia kwa kila kitu, ila zaidi kwa jambo hili, kwamba maneno yake yalikuwa ya kweli. Niliyageuza kila upande nikitafuta mahali yalipooza. Kambini mama yangu amesema asiletwe. Njiani kuna vizuizi, na wanaochungulia nyuso za watoto. Ndani ya ua ule kulikuwa na baba yake, mwenye damu yake na jina lake, na alikuwa hawezi kumaliza sentensi. Na kulikuwa na kizee kilichokataa kula chakula changu, kilichonipimia maji, na kilikuwa kimetia mdomo wake mahali ambapo mwanangu alifungua wake.

Nilinyoosha mikono nimbebe. Mama mkwe hakumwachia. Nikashika mguu mmoja wa mtoto, yeye akashika mwili, na kwa kitambo tukavutana kama wanawake wanaogombania kitenge sokoni. Kisha mtoto akakunja uso, akataka kulia, nikaachia. Niliachia mimi kwanza. Yeye hakuachia.

Mume wangu aliubeba mzigo wangu mpaka kwenye lori. Aliubeba vizuri, kwa mikono miwili, akaupandisha taratibu, akahakikisha haudondoki. Alikuwa mtu mzuri wa kubeba mizigo. Aliniambia mambo fulani pale barabarani, kwamba ni kwa muda tu, kwamba atakuja, na mimi nilipanda nyuma nikampa mgongo.

Kutoka juu ya lori ua wetu ulionekana wote, kwa kuwa uzio wa matete ulikuwa mfupi. Mama mkwe alikuwa ameshakaa kwenye kigoda chake. Sufuria yangu ameibana kati ya miguu, mtoto amempakata. Alikuwa anachota kwa vidole kile kilichobaki, anakipuliza, ingawa kilikuwa kimepoa zamani, anamtia mtoto mdomoni, anachota tena.

Lori liliwashwa. Nilisimama nikashika chuma kwa mikono yote miwili, mguu mmoja nimekwishauweka juu ya ubao, nikatega sikio. Nilikuwa nimejiambia kwamba mtoto akilia, akiniita hata mara moja, nitaruka, na liwalo na liwe, tutakufa wote.

Hakulia. Alikuwa anakula.